Anti, Hili Neno Lina Maana Gani?

Jamani mwezi huu nusu nzima ya barua zenu mnauliza maneno ya mtandaoni, wengine mmenitumia na skrinishoti kabisa zina mishale myekundu kama mnapeleka ushahidi polisi, basi nikaona ugomvi wa wakwe na mikopo tuuweke pembeni kidogo tumalize hili. Nasema mapema kabisa, mimi si BAKITA, lile Baraza la Kiswahili la Taifa, ni mtu mzima tu mwenye bando na wapwa wengi.

*Anti salaam. Binti yangu tumemfanyia sendoff mwezi uliopita, nikaweka picha kwenye grupu la ukoo. Mtoto wa kaka yangu akaandika chini yake "Shangazi unyama mwingi sanaaa". Mume wangu kakasirika mpaka leo hapokei simu ya yule kijana, anasema katuita wanyama mbele ya ukoo mzima. Mama Bibi Harusi, Morogoro*

Dada yangu pole, ila nimecheka, nisamehe. Mwambie shemeji ashushe pumzi. Kwenye kamusi unyama ni ukatili, na kwenye gazeti ukisoma mtu kafanyiwa unyama ujue habari ni ya polisi na hospitali. Ila huko Insta na TikTok unyama ni sifa, tena sifa kubwa, kitu kimepita kiwango mpaka mtu anakosa la kusema. Goli la mbali unyama, gari jipya unyama, gauni la bintiyo na ile keki ya ghorofa unyama mwingi. Na sisi wazee tusijifanye malaika, si ndio sisi tuliosema wimbo ni noma, msanii ni mkali, ngoma ni balaa, mchezaji ni hatari? Yote yale yalikuwa maneno ya kutisha tukayageuza sifa na hakuna aliyeitwa kwenye kikao cha ukoo. Kiswahili cha mtaani kikitaka kusifia sana kinaenda kuazima kwenye fungu la vitisho, ndio zake.

Halafu angalia vizuri alivyoandika. Kaanza na Shangazi, kamalizia na a tatu. Mtu anayetukana haanzi na Shangazi dada yangu, na hana muda wa kuvuta irabu. Kosa la kijana ni moja tu, grupu la ukoo lina mtu wa miaka 17 na mtu wa miaka 70 na wote wanasoma mstari uleule, pale angeandika "mmependeza sana" angekula pilau lake kwa amani. Aje kwa shemeji mwenyewe kwa miguu, amuamkie, aeleze, asieleze kwa voisi noti.

*Shikamoo Anti. Nipo Mwanza nafanya kazi ofisini. Bosi akiposti kitu nakuwa wa kwanza kulaiki na kukomenti, sasa wenzangu wananiita chawa. Hili ni tusi au utani? Na wingi wake ni chawa au machawa?*

Marahaba mwanangu. Ni utani mpaka siku ya kupandishwa vyeo, baada ya hapo ni tusi.

Chawa unamjua, mdudu wa kwenye nywele na nguo, anaishi juu ya mtu, anakula kwa mtu, na mtu akienda Dodoma naye kaenda Dodoma. Watu wakachukua picha hiyo wakamvika yule anayemganda mwenye jina au mwenye hela, anamsifia asubuhi, anamtetea mchana, jioni anabeba mkoba. Mwanzoni lilikuwa neno la kuwasema watu wa pembeni ya wasanii, halafu likahamia kwenye siasa, na huko likapata jambo la ajabu kidogo, maana wapo waliojiita wenyewe bila kulazimishwa "Chawa wa Mama", Mama akiwa Rais Samia. Tusi mtu akilivaa mwenyewe kama fulana unabaki huna cha kumtukania.

Kuhusu wingi, kamusi inataka chawa mmoja chawa wawili, mtandaoni utakuta "machawa" kila kona na mimi sigombani nao, kwa sababu naona wanatenganisha, chawa ni wale wa kuua kwa dawa na machawa ni wale wa kwenye komenti. Ila kitu kinachonifurahisha zaidi ni "uchawa". Neno la mtandaoni likishaanza kuvaa u- ya mbele kama udaktari na ualimu, basi limeshapata kitambulisho cha taifa, haliondoki leo wala kesho. Tahadhari tu unapochapa, uchawa na uchawi vinatofautiana herufi moja. Rafiki yangu alimtania mwenzake "acha uchawa" na simu ikajirekebishia yenyewe ikaandika "acha uchawi", tena kwenye grupu la jumuiya, ilibidi waitane nyumbani kwa mwenyekiti.

Wewe kwa sasa laiki ya tano au ya sita, usiwe wa kwanza. Bosi haoni tofauti, wenzako wanaiona.

*Sasa Anti, mimi ni Mkenya nimeolewa Kigamboni. Wifi aliniambia "njoo tule ubuyu" nikanunua pakiti mbili nikaenda nazo. Wakacheka sana. Juzi tena akasema "wifi siku hizi kala buyu". Mbona siku hiyo sikuwa nimekula kitu?*

Pakiti mbili! Wifi yako ana bahati, mimi wananijia mikono mitupu.

Ubuyu wa kweli ni zile mbegu za mbuyu zilizopakwa sukari na rangi nyekundu, wa Zanzibar wanatia na iliki, unamung'unya taratibu, unatema kokwa, unachukua nyingine, na huwezi kula moja ukaacha. Sasa fikiria umbea unavyoliwa, si ndio hivyo hivyo? Ndio maana habari za watu zikaitwa ubuyu, kwenu mnasema mushene. Mwenye habari anamwaga ubuyu, wengine tunakula, na ukiwa wa moto sana mtu anaandika "ubuyu wa motomoto" ingawa hakuna ubuyu wa moto duniani.

Kula buyu ni kinyume chake kabisa. Aliyekula buyu kanyamaza, umemuuliza kitu kimya, umemtumia meseji tiki zimekuwa za bluu na hajibu. Herufi moja tu ya mbele na umetoka kwenye kusema sana umeingia kwenye kutosema. Kwa hiyo wifi analalamika umewakalia kimya. Ukienda safari hii nenda na habari, na ubuyu pia nenda nao.

Na kwa kuwa tupo hapo hapo, wengine mmeuliza kiki na povu. Kiki ni jambo mtu analolitengeneza ili atajwe, mfano msanii anaachana na mpenzi wiki moja kabla wimbo haujatoka na wanarudiana wiki ya pili, ikigundulika mapema tunasema kiki imebuma. Povu ni zile komenti ndefu za hasira zinazofuata, mtu kachemka mpaka anatoka povu, na kuna wanaoandika kabisa "povu ruksa" yaani nimeshasema langu, mwageni hasira zenu nipo nasoma. Hayo mengine mtajifunza humo humo.

*Anti, mimi ni mstaafu, Dodoma. Nasikia "anaupiga mwingi". Anapiga nini? Na huo wingi ni wa nini? Kisarufi sentensi hii ina kasoro.*

Mzee wangu shikamoo, haina kasoro hata kidogo, tena ndiyo sarufi safi kuliko yote tuliyoongea leo. Kinachopigwa ni mpira. Mpira unachukua u, ndio hiyo -u- ya katikati ya anaupiga, na mwingi inafuata mpira huo huo. Neno mpira lenyewe limekimbia ila viambishi vyake vimebaki vimeshika nafasi, kama mtu aliyeingia kuswali akaacha kandambili mlangoni, unajua tu ni za nani.

Walikuwa wanasemwa wachezaji wa Simba na Yanga, kiungo akitawala uwanja unaambiwa leo anaupiga mwingi. Rais Samia alipoingia Machi 2021 watu wakamhamishia, "Mama anaupiga mwingi" ikaenda kila mahali, kwenye fulana, kwenye mabango, kwenye hotuba. Na neno likishafika kwenye hotuba vijana wanaligeuza upande wa pili, sa hivi umeme ukikatika mtu anaandika "wanaupiga mwingi" na haina maana ya sifa, inabidi usome na kilichoandikwa juu yake. Ila kwa matumizi ya kawaida bado ni zuri, mama ntilie akikujazia maharage mpaka yanamwagika kwenye sahani mwambie mama leo unaupiga mwingi, kesho anakuongezea.

*Anti, nipo Tanga nauza mitumba. Kwenye grupu letu kuna wenzetu wa Mombasa na Nairobi. Mtu mmoja alikula hela za watu, admini akaweka namba yake akaandika "tumsalimie huyu". Mimi nikamtumia "Assalaam alaykum, habari za asubuhi, familia haijambo?" Akanijibu matusi. Nimekosa nini?*

Kaka yangu hujakosa kitu, wewe ndiye pekee uliyemsalimia kweli. Wenzako walikuwa wanamshambulia.

Hili tumelipata kutoka Kenya. Juni 2024 vijana walipokuwa wanapinga Muswada wa Fedha, namba za simu za wabunge zilisambazwa mtandaoni na watu wakaambiana "msalimie mheshimiwa", basi mbunge anaamka asubuhi simu imejaa meseji mpaka inapata moto, zote zinamwambia akatae muswada. Ilikuwa wakati uleule Rais Ruto anaitwa Zakayo, yule mtoza ushuru wa kwenye Injili ya Luka aliyepanda mkuyu, na barabarani wanaimba "Zakayo shuka". Tarehe 25 waandamanaji wakaingia bungeni na watu wakapoteza maisha siku hiyo, tarehe 26 Rais akasema hatasaini. Neno kusalimia likabaki na maana hiyo mpya, ya kumfurika mtu kwa simu na meseji mpaka ashike adabu.

Kwa mtu mkubwa aliyechaguliwa watu watabishana, mimi ninachokuambia ni cha grupu lenu la mitumba. Kuanika namba ya mtu ni kesi inayokusubiri, Kenya wana sheria ya kulinda taarifa binafsi tangu 2019 na sisi tuna yetu ya 2022, na aliyekula hela anaweza kuwa wa kwanza kwenda kushtaki, wezi wanajua sheria kuliko sisi. Hela zenu dai kwa risiti. Na matusi aliyokujibu usiyaweke moyoni, wewe ulikuwa meseji ya mia na kitu asubuhi ile, hakuamini kama kuna anayemuulizia familia.

*Mimi ni mwalimu wa sekondari, Tabora. Wanafunzi wanaandika "xaxa", "cjui", "w2" kwenye insha. Nifanyeje?*

Mwalimu hayo ni mabaki, hayakuzaliwa TikTok. Ni ya enzi za meseji za kulipia, herufi 160 tu, ukizidisha unakatwa hela ya meseji ya pili, kwa hiyo "cjui" ilikuwa na akili ndani yake, c inasomeka si, umeokoa herufi. "W2" ni watu, ile 2 inasomwa kwa Kiingereza "two", umeokoa herufi mbili. Lakini hiyo "xaxa", yaani sasa, hainiingii mpaka leo, s ni herufi moja na x ni herufi moja, nani aliokoa nini? Ilikuwa ni kujidai tu. Wape zoezi, waandike meseji yao wenyewe halafu waigeuze kuwa barua kwa mkuu wa shule, alama zitoke kwenye kugeuza. Na usiwacheke sana, hata hicho kishikwambi, yaani tableti, mlichogawiwa walimu baada ya sensa ya 2022 tulivyolisikia jina lake mara ya kwanza tulicheka mpaka machozi, leo nani anacheka?

*Anti nipo Muscat miaka minane. Kila nikiuliza habari za nyumbani binamu yangu anajibu "mi nimekaa paleee". Pale wapi?*

Mdogo wangu, hakuna mahali. Ni kiti cha mtazamaji. Mtu akiona ugomvi unaanza kwenye komenti, hataki kuingia na hataki kuondoka, anaandika nimekaa paleee, yaani nimejisogeza pembeni naangalia tu. Sikiliza lilivyochaguliwa, angesema hapa angekuwa ndani ya ugomvi, angesema hapo angekuwa na wewe, kasema pale, mbali ila anaona. Na zile e tatu ndizo zinazopima umbali. Bibi zetu walikuwa wanakuelekeza njia hivyo hivyo, "nenda mpaka kuleee", kule kukirefushwa unajua ni mwendo wa kuloa jasho, na mkono umenyooshwa. Simu haina mkono wala sauti, basi vijana wakaongeza e. Mtu akiandika e kumi na mbili huyo yuko salama kabisa, hata jiwe halimfikii.

Kwa hiyo binamu yako anakuambia nyumbani kuna jambo na yeye si shahidi. Usimlazimishe kwa maandishi, atakula buyu. Mwandikie "sogea basi, mkeka upo", halafu mpigie usiku akiwa ametulia.