Kona ya wasemaji Lamu? Tunayo zamani
Ndugu yangu, waulizia kama Lamu twaweza kuwa na kona ya wasemaji, pahali pa yeyote kusimama akahutubia watu, kama ile ya bustani ya Hyde Park kule London. Mbona tunayo! Pita uwanja wa Mkunguni, mbele ya Ngome, baada ya alasiri. Wazee wako barazani, muuza kahawa anagonganisha vikombe, mara mtu kataja bandari mpya na wavuvi. Basi hapo ni hoja juu ya hoja mpaka adhana ya magharibi.

Msemaji wa London husimama juu ya kiboksi Jumapili na wapita njia humkatiza watakavyo; mikutano katika bustani ile iliruhusiwa kwa sheria ya mwaka 1872. Kwetu kumkatiza mzee uanze na "samahani, babu" (kisha umkatize vilevile).

Kisheria, Katiba ya Kenya ya 2010 kifungu cha 33 chakulinda kusema, mradi usichochee ghasia wala chuki. Lakini ukitaka mkutano wa hadhara, na vipaza sauti, polisi wapewe taarifa kati ya siku 3 na 14 kabla. Gumzo la kahawa halitaki barua.