Kwa mnaoanza kazi ya kutetea wanyama wa mizigo

Ninyi mnaoingia sasa kwenye kazi hii ya punda na farasi, pamoja na miongozo mtakayopewa, tafuteni Black Beauty ya Anna Sewell. Ilitoka Uingereza mwaka 1877, na farasi mwenyewe ndiye anayesimulia maisha yake. Wengi huiona hadithi ya watoto, lakini Sewell aliwalenga watu wanaoshinda na farasi. Aliumia miguu akiwa na miaka 14, na tangu hapo gari la farasi ndilo lililomfikisha alikokwenda. Alifariki mwaka 1878, miezi michache baada ya kitabu kutoka.

Sheria ya kuzuia ukatili kwa mifugo ilikuwepo kwao tangu 1822. Hata hivyo, miaka zaidi ya 50 baadaye, farasi wa matajiri bado walifungwa ukanda kutoka kwenye lijamu hadi mgongoni, ili kichwa kisimame juu muda wote. Ilikuwa fahari tu. Sewell alichofanya ni kumpandisha farasi huyo kilimani. Farasi anayevuta hupeleka kichwa mbele na kuinama, auegemee mzigo kwa mabega. Ukimzuia asiinamishe kichwa, shingo inakakamaa, mgongo na miguu vinaelemewa, hata pumzi inapita kwa shida. Msomaji aliyepanda naye kile kilima hahitaji kuhubiriwa. Kitabu kikawapa nguvu waliokuwa wakiupinga ukanda huo, na Marekani, kuanzia 1890, George Angell wa chama cha kutetea wanyama cha Massachusetts alikichapisha na kukigawa kwa wingi.

Lakini sehemu ninayowasihi msome mara mbili ni ya Sam, dereva wa gari la kukodi jijini London. Gari si lake, farasi si wake. Kila siku ampelekee tajiri shilingi 18 kwa gari na farasi wawili, ndipo apate chakula cha watoto wake. Farasi wake wamechoka, naye amechoka. Anakufa akisema hakuwahi kupata Jumapili ya kupumzika. Sewell alimpenda farasi kwa moyo wote, na bado hakumfanya Sam kuwa adui. Nadhani ndiyo sababu madereva walimsikiliza.

Kwa hiyo ukikuta punda ana kidonda begani na mzigo umepita kiasi, usianze kwa kufoka. Msalimie kijana anayemwendesha. Shusheni mzigo kidogo, ongeza kitambaa pale kamba inapochubua, mwonyeshe kwa mkono wake mwenyewe ngozi ilivyo na joto. Kisha muulize hesabu ya siku ni kiasi gani, na anampelekea nani. Ikiwa hesabu hiyo haitimii bila kuzidisha mzigo, mwenye mkokoteni ndiye wa kwenda kuketi naye, jioni hiyohiyo ikiwezekana.