Waridi la jangwani linakufa kwa maji jamani, sio kwa jua

Hapa Dodoma siku hizi karibu kila baraza lina waridi la jangwani, au adeniamu kama wauza maua wanavyoliita, na kila mwaka kuanzia Juni hivi malalamiko ni yale yale, limepukutisha majani, linaumwa, nimeliongezea maji. Sasa hapo ndo unaliua. Kipindi hicho baridi ya usiku na upepo vinapiga, mvua hakuna mpaka Novemba Desemba huko, lenyewe linaamua kupumzika, maji yake lishayaweka akiba kwenye lile shina lililovimba chini kama kibuyu. Ni mmea wa ukanda mkavu huu, kuanzia Senegal mpaka Uarabuni na huku kwetu Afrika Mashariki, porini unalikuta limejibana kwenye mawe na hakuna anayelimwagilia.

Liminye shina kwa kidole gumba. Likiwa gumu achana nalo, likilegea kidogo ni kiu, ila likibonyea laini kabisa na linanuka ujue limeoza, hapo ling'oe ukate ubovu wote mpaka ukute nyama nyeupe, liache kivulini kidonda kikauke siku kadhaa ndo upande tena.

Udongo mweusi wa mbugani usiuguse. Mimi nachanganya mchanga wa korongoni ule wa chengachenga, kokoto ndogo na samadi kiduchu iliyooza vizuri, hata ndoo ya rangi inafaa ilimradi umeitoboa chini. Jua la kutosha, kivulini litarefuka tu bila ua. Majani mapya yakitoka ndo unamwagilia, udongo ukauke kabisa kabla hujarudia.

Ukienda kununua uliza limetoka kwenye mbegu au kwenye tawi, maana la tawi mara nyingi halinenepi vizuri chini, na watu wengi wanalipendea hicho kitumbo. Yale ya maua yaliyojaa petali nyingi kwa kawaida ni ya kuunganishwa, yaani tawi la aina moja limepachikwa juu ya shina la aina nyingine, kwahiyo ukiona chini ya kiungo limechipua tawi kata mapema, ukiliacha litakuletea maua ya shina la asili na kulidhoofisha lile ulilolipia hela.

Halafu glavu. Watu wanachukulia poa ila utomvu wake ni sumu inayoshambulia moyo, Wahadzabe kule Ziwa Eyasi wanapaka kwenye mishale wakienda kuwinda, na wewe unakata matawi mikono mitupu kisha unakaa kwenye ugali. Vipande chimbia, usitupe njia ya mbuzi.