Mtazame Beksiński kabla ya kumsoma

Kosa langu nilianzia mwisho. Februari 2005, katika nyumba yake mjini Warsaw, mchoraji wa Poland Zdzisław Beksiński alichomwa kisu mara 17 na kijana ambaye yeye mchoraji alikataa kumkopesha pesa. Kabla ya hapo, mwaka 1998, alikuwa amefiwa na mkewe Zofia, na mkesha wa Krismasi ya 1999 mwanawe Tomasz, mtangazaji wa redio, akajiua. Nikishayajua hayo, kila fuvu kwenye picha zake nikaliona ni kilio cha mzazi.

Lakini hesabu inagoma. Zile picha za kutisha zinazojulikana sana alizichora tangu miaka ya 1960 hadi katikati ya miaka ya 1980, mke na mtoto wote wakiwa hai. Alizaliwa Sanok mwaka 1929, akasomea usanifu majengo Kraków, akasimamia ujenzi, akabuni hata mabasi katika kiwanda cha mji wao. Uchoraji alijifundisha. Wanaomkumbuka wanamtaja kuwa mcheshi, mwenye haya kidogo, aliyechora huku muziki wa klasiki ukiunguruma. Picha zake hakuzipa majina, na mimi namshukuru kwa hilo.

Kwa hiyo chagua picha moja, maelezo yaweke kando, uitazame dakika kumi. Mimi niliishika ile ya 1984, ya wawili waliokumbatiana. Miili yao ni mifupa na mishipa mitupu. Nikaviziba vichwa kwa kiganja, vikabaki vidole vilivyong'ang'ania mgongo wa mwenzake. Woga uliniisha palepale. Niliona watu wasiotaka kuachana, basi.

Na kama unachora, usikimbilie mafuvu. Nilijaza daftari zima. Mdogo wangu akalifungua, akacheka mpaka machozi. Kinachotisha kwa Beksiński ni umaliziaji: rangi za mafuta juu ya hadibodi, mwanga laini kama wa machweo, kila unyuzi umewekwa kwa subira ya fundi. Watengenezaji wa mchezo wa kompyuta The Medium, uliotoka 2021, walisema wazi kwamba walichota kwake. Ukiucheza, angalia zaidi rangi ya hewa kuliko majitu.

Ukijaliwa kufika Sanok, jumba la makumbusho la pale ndilo aliloliachia kazi zake. Ingia mikono mitupu. Wasifu utausoma njiani ukirudi.