Kabla hujalipia kasha la kale, lipindue

Wiki iliyopita msomaji kanitumia picha ya kasha la njumu, yaani lililopambwa kwa shaba, aliloonyeshwa Mji Mkongwe, Unguja. Dalali anamwambia ni la enzi za Sultani Barghash, anataka milioni mbili. "Kaka, nichukue?"

Picha hiyo ilinitonesha kidonda. Mwaka 2016 na mimi niliuziwa la Barghash, milioni moja na laki mbili. Nikalivusha kwa boti hadi Dar, nikaliweka sebuleni, na kila mgeni aliyeingia nikamsimulia habari za majahazi na Wahindi wa Surat. Nilikuwa mtamu wa maneno, sijui niseme nini. Miaka mitatu hivyo. Siku moja bawaba ikalegea, nikaita seremala. Kijana akafunua kifuniko, akachomoa bisibisi, akacheka.

"Mzee, huyu Sultani alikuwa na skrubu za nyota?"

Barghash alifariki 1888. Skrubu za nyota zimeanza kutumika miaka ya 1930. Kijana akatia kitambaa maji, akafuta ubavuni, kikatoka rangi ya chai. Mke wangu alikuwa amesimama mlangoni anaona yote.

Nilijifariji kwa Wolfgang Beltracchi, Mjerumani mghushi wa michoro aliyewaliza wenye fedha na elimu kunizidi. Mchoro wake mmoja, aliosingizia kuwa ni wa mchoraji Heinrich Campendonk wa mwaka 1914, uliuzwa 2006 kwa euro zaidi ya milioni mbili na nusu. Kilichomuumbua ni rangi nyeupe yenye titani, ambayo mwaka 1914 haikuwa bado madukani. Mwaka 2011 akafungwa miaka sita. Skrubu yangu na rangi yake ni ndugu.

Kwa hiyo wewe unayetaka kuipamba nyumba yako kwa vitu vya wakubwa, pindua kasha. Tazama chini, tazama nyuma, tazama ndani ya bawaba. Mikwaruzo ya duara kwenye ubao ni msumeno wa mashine. Kisha pindua tena. Njumu za mbele zinang'arishwa kwa ajili ya macho yako, na hadithi ya dalali inang'arishwa kwa ajili ya kiburi chako. Tunapenda mno kuonekana tuna asili! Mimi sikununua mbao, nilinunua babu.

Nikamwandikia msomaji yote haya, nikamwomba picha ya bawaba kwa ndani. Akajibu usiku kwamba arbuni ameshatuma. Picha ya bawaba sijaipata mpaka leo.