Maneno ya Simba na Yanga: wasomaji wameuliza, tunajibu

Safari hii maswali mengi yamehusu lugha ya mashabiki wa Dabi ya Kariakoo, yaani mechi ya Simba na Yanga: nani anaitwa nini, neno lipi limepitwa na wakati, lipi linaweza kukuletea ugomvi. Tumechagua yale yanayowagusa wengi.

Nimeolewa kwenye ukoo wa Yanga damu, mimi mpira sikuwahi kuufuatilia. Nawasikia wakiita timu kwa majina kumi tofauti. Nianze na yapi nisije nikawaudhi wakwe? (Msomaji wa Morogoro)

Dada, jambo la kwanza ni kujua jina limetoka upande gani. Kila klabu ina majina inayojiita yenyewe na majina iliyobandikwa na watani.

Yanga hujiita Wananchi, au Timu ya Wananchi. Utasikia pia Vijana wa Jangwani, kwa sababu makao yao yako Jangwani, Dar es Salaam. Simba hujiita Mnyama, Wekundu wa Msimbazi (jezi nyekundu, makao Mtaa wa Msimbazi, Kariakoo) na Lunyasi. Haya yote unaweza kuyatamka mbele ya yeyote. Hata mtangazaji wa redio huyatumia.

Yaliyobandikwa ndiyo yenye moto. Yanga wanaitwa utopolo, kwa kifupi uto. Wanaitwa pia vyura, kwa sababu bonde la Jangwani hujaa maji Mto Msimbazi unapofurika. Wazee watakuambia kandambili na yeboyebo, ambayo vijana wengi hawayatumii tena. Simba wanaitwa makolo (mmoja ni kolo), mikia, mbumbumbu, na ukitaka kumshusha simba hadhi, paka au nyau.

Neno utopolo lilivuma sana kupitia Haji Manara alipokuwa msemaji wa Simba. Mwaka 2021 yeye mwenyewe alihamia Yanga, lakini neno likabaki Msimbazi likifanya kazi ileile. Ndivyo yalivyo majina haya: likishashika mitaani, halimfuati tena aliyelivumisha.

Kwa wakwe zako, basi, sema Wananchi. Makolo utaweza kulitumia ukishazoeleka. Utopolo usilitamke mezani pa mama mkwe hata kwa kucheka, mpaka siku yeye mwenyewe atakapokutania kwanza.

Kuna jambo dogo la sarufi ambalo wageni hulikosa. Ukisema "makolo wamelala", umewatania watu. Ukisema "makolo yamelala", umewaondoa kwenye ngeli ya watu na kuwaweka kwenye ya vitu, na mwenye sikio atasikia dharau. Wapo wanaogombana baada ya mechi kwa kiambishi hicho.

"Mkono" ni mabao mangapi hasa? Mwenzangu anasema hata sita ni mkono. (Tanga)

Ni matano, basi. Mkono una vidole vitano, na ndiyo maana shabiki hanyanyui mdomo, ananyanyua kiganja kilichokunjuliwa. Kinachohesabiwa ni mabao ya aliyeshinda, kwa hiyo 5-0 ni mkono na 5-1 ni mkono. Sita hayaitwi mkono. Hutajwa kwa hesabu yake, "sita bila".

Katika dabi, hizi ndizo tarehe zinazotajwa kila mara. Juni 1, 1968 Yanga ilishinda 5-0. Julai 19, 1977 Simba ikashinda 6-0, siku ambayo Abdallah Kibadeni alifunga mabao matatu. Mei 6, 2012 Simba ikashinda 5-0. Novemba 5, 2023 Yanga ikashinda 5-1, na hapo ndipo "kono la nyani" lilipotapakaa kila mahali. Kono ni mkono uliokuzwa, na nyani ana mikono mirefu.

Lugha ya mashabiki inapenda sana ukuzaji wa namna hii. Msemaji hodari anakuwa semaji: Ahmed Ally, msemaji wa Simba, anaitwa Semaji la CAF (CAF ni shirikisho la soka Afrika). Mpira mtamu unakuwa pira, ndiyo maana Simba ya akina Clatous Chama na Luis Miquissone ilisifiwa kwa "pira biriani". Katika Kiswahili cha kawaida ukuzaji huu mara nyingi hubeza. Kwenye mpira, husifu. Sikiliza sauti ya msemaji kabla hujakasirika.

Kosa la kawaida ni kumnyanyulia kiganja mtu ambaye timu yake inakudai. Shabiki wa Simba akikunyanyulia vidole vitano, anazungumzia 2012. Wa Yanga, 2023. Mjue mwenzako ana jibu gani mfukoni kabla hujaanza.

"Mwakarobo" bado linafaa kutumika? (Kaka wa Tabata)

Tunavyoona sisi, limeisha muda wake, na ukilitumia sasa unajitangaza kuwa hukufuatilia.

Neno liliundwa na mashabiki wa Yanga kwa mtindo wa majina ya ukoo ya Mbeya, yale yanayoanza na Mwaka-, likaongezwa robo ya robo fainali. Lilishika kwa sababu lilikuwa na ushahidi. Simba iliishia robo fainali za Afrika msimu wa 2018/19 mbele ya TP Mazembe, 2020/21 mbele ya Kaizer Chiefs, 2021/22 kwenye Kombe la Shirikisho mbele ya Orlando Pirates, 2022/23 mbele ya Wydad na 2023/24 mbele ya Al Ahly. Ni robo tano ndani ya misimu sita. Mzaha wenye hesabu sahihi haujibiki kwa kelele, na Wanasimba walikuwa na wakati mgumu kweli.

Majibu yao ya wakati ule yalikuwa mawili. La kwanza, kwamba kufika robo kila mwaka si jambo dogo. La pili, kwamba msimu wa 2023/24 Yanga nayo iliishia robo, ilipotolewa na Mamelodi Sundowns kwa matuta, yaani penalti. Wana Yanga nao walikuwa na lao: mwaka 2023 Yanga ilicheza fainali ya Shirikisho na USM Alger, ikapoteza kwa kanuni ya bao la ugenini baada ya kufungwa 2-1 Dar es Salaam na kushinda 1-0 Algiers.

Mwaka 2025 mambo yakageuka. Simba iliitoa Al Masry kwa matuta, ikaitoa Stellenbosch, ikaenda fainali ya Shirikisho dhidi ya RS Berkane. Kombe haikulipata: ililala 2-0 Morocco na kutoka 1-1 Zanzibar. Lakini robo iliivuka. Kwa hiyo mwakarobo liseme kama historia, "enzi zenu za mwakarobo", hapo bado lina makali. Ukimwita mtu hivyo leo, atakujibu kwa neno moja tu, fainali, na utakosa la kuongeza.

Nasikia mchezaji "kapewa thank you". Ni sawa na kufukuzwa? (Mwanza)

Karibu, ila si sawasawa. Usemi ulitokana na klabu kuweka mitandaoni picha ya mchezaji yenye maneno ya Kiingereza ya kumshukuru, pale anapoachwa. Mashabiki wakaligeuza tendo: kupewa thank you, kusubiri thank you, hata "huyu thank you yake imechelewa".

Litumie kwa mchezaji ambaye klabu yenyewe imetangaza kuachana naye, iwe mkataba umekwisha au wamekubaliana kuuvunja. Aliyeenda kwa mkopo hajapewa thank you, maana bado ni mali ya klabu. Aliyeuzwa kwa fedha naye huyo kauzwa. Na aliyegoma kuongeza mkataba akaondoka mwenyewe, mashabiki wake husema "kasepa", tena kwa uchungu. Chama alipotoka Simba kwenda Yanga Julai 2024, ubishi mkubwa mitaani ulikuwa huohuo: kaachwa au kaondoka?

Msimu wa maneno haya ni dirisha kubwa la usajili, katikati ya mwaka, na dirisha dogo, kuanzia Desemba hadi Januari. Wachezaji wengi wakiachwa kwa mkupuo, hilo linaitwa fagio, au panga.

Mimi ni mwanafunzi wa uandishi wa habari. Mhariri kanirudishia habari kwa sababu niliandika "sare ya 0-0". Kosa liko wapi? (Dodoma)

Mhariri wako yuko sahihi, na tunafurahi kwamba bado wapo wanaojali. Katika uandishi wa michezo Tanzania, mechi isiyo na bao ni suluhu. Yenye mabao sawa ni sare: sare ya 1-1, sare ya 3-3 kama ile ya dabi ya Oktoba 20, 2013, Simba iliporudisha mabao matatu. Ukitaka neno linalobeba yote mawili, andika timu zimetoshana nguvu.

Hapohapo chukua na mengine. Kulala ni kufungwa: "imelala 2-1". Kucheka na nyavu ni kufunga, na kimiani ni wavuni. Tuta ni penalti, kwa hiyo mechi iliyoamuliwa kwa penalti imeamuliwa kwa matuta. Daluga ni viatu vya mpira, na anayestaafu anatundika daluga. Kanzu ni kumpitishia mpira juu ya kichwa, tobo ni kuupitisha katikati ya miguu yake. Ukivichanganya hivyo viwili, msomaji aliyekuwepo uwanjani hatakuamini tena habari nzima. Umeme, kwa maana ya kadi nyekundu, waachie mashabiki. Kwenye habari andika "amelimwa kadi nyekundu".

Kusema refa "kala bahasha" ni utani au kosa? (Arusha)

Tunalijibu hili bila kuzungusha. Kubebwa, au timu kupewa mbeleko, ni maoni kuhusu uamuzi: unasema refa aliipendelea timu, na unaweza kuonesha penalti iliyonyimwa au mchezaji aliyekuwa ameotea. Bahasha ni rushwa. Ukisema mtu mwenye jina kala bahasha, umemtuhumu kosa la jinai. Ukiiandika mtandaoni ukiwa huna ushahidi, kumbuka kuna Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, ambayo inagusa taarifa za uongo. Neno "tulikuwa tunataniana" halikutoi hapo.

"Kamati ya ufundi" nalo huwa na maana mbili. Kwenye klabu ni chombo halali. Kijiweni ni mafumbo, yaani watu wa ndumba na mipango ya nje ya uwanja. Ukimsikia mtu analitamka huku akitabasamu, anamaanisha hiyo ya pili.

Huku kwetu Gor Mahia na AFC Leopards tunasema Mashemeji. Nyinyi mnasema watani wa jadi. Tofauti ni nini? (Msomaji wa Kisumu)

Shemeji, swali zuri. Mashemeji limetokana na kuoana: K'Ogalo (Gor Mahia) ina mizizi kwa Waluo, Ingwe (AFC Leopards) kwa Waluhya, na jamii hizo zimeoleana miaka mingi. Watani wa jadi limetokana na desturi ya utani wa makabila, kama Wachaga na Wapare, au Wazaramo na Wanyamwezi. Mtani ana ruhusa ya kukusema, kukuchukulia kitu chako, hata kukuchekesha msibani, na wewe hukasiriki. Yanga ya mwaka 1935 na Simba ya 1936 zimeingizwa kwenye desturi hiyo, ingawa mashabiki wake ni wa makabila yote.

Na kwa kuwa ni utani wa kweli, una mipaka yake. Timu, jezi, matokeo, viongozi na usajili ni halali kutaniwa. Dini, kabila, maumbile ya mtu na mchezaji aliyeumia havimo. Anayevuka hapo hatanii, anatukana, na hata wa upande wake wanapaswa kumnyamazisha. Kwa bahati mbaya mitandaoni wengi wanamshangilia.

Babu anasimulia mechi za "Taifa" miaka ya sabini, lakini Uwanja wa Mkapa si ulifunguliwa 2007? (Kigamboni)

Babu hajakosea. Taifa ya enzi zake ni uwanja wa jirani, ambao leo ni Uhuru na mashabiki wanauita Shamba la Bibi. Ule mpya wa 2007, wa watu wapatao 60,000, ulirithi jina la Taifa hadi mwaka 2020, ulipoitwa Benjamin Mkapa. Ndipo yakaja "Kwa Mkapa" na "Lupaso", kijiji alikozaliwa Rais huyo kule Masasi. Simba wakaongeza "Kwa Mkapa hatoki mtu". Akikuambia tiketi yake ni ya "mzunguko", ni zile za bei ya chini kabisa. Siku ya dabi nendeni mapema, anayewahi ndiye anayechagua kiti.

Nitajieni majina ya timu nyingine kwa haraka. (Songea)

Azam ni Wanalambalamba, kwa aiskrimu. Coastal Union ni Wagosi wa Kaya. Mtibwa Sugar ni Wakata Miwa, Kagera Sugar ni Wanankurukumbi, Tanzania Prisons ni Wajelajela, Dodoma Jiji ni Walima Zabibu, na Namungo ni Wauaji wa Kusini.