Chumba kina joto, wenye chumba wana hasira

SWALI: Chumba chetu cha kulala kina dirisha moja la alumini, la kusukuma, linalotazama magharibi. Juu ni bati, chini yake dari ya jipsamu. Tangu tuhamie, usingizi hauji kabla ya saa saba usiku, na asubuhi mimi na mwenzangu tunagombana kwa mambo madogo. Je, nyumba inaweza kumbadilisha mtu tabia?
Msomaji, Mbagala, Dar es Salaam

JIBU: Inaweza. Ili usingizi uje, joto la mwili sharti lishuke kidogo. Chumba cha moto hulizuia lisishuke, na aliyekosa usingizi hukosa subira. Msilaumiane kabla hamjakirekebisha chumba.

Ukuta wa tofali za inchi 6 unaopigwa na jua la alasiri hutunza joto na kulitoa taratibu usiku. Leo hii sogezeni kitanda mbali nao. Kisha lizuieni jua kwa nje, kwani pazia la ndani limeshachelewa: joto limekwisha kupita kwenye kioo. Upenu nao hautoshi, maana jua la saa kumi huja limeinama. Simamisheni kiwambo cha mianzi au makuti, kiwe sentimita 20 hadi 30 kutoka ukutani ili hewa ipite.

Shida kubwa zaidi ni upepo. Dirisha la kusukuma hufunguka nusu tu, na upepo usio na pa kutokea hauingii. Miezi ya joto, Desemba hadi Februari, kaskazi huvuma kutoka kaskazini-mashariki, yaani nyuma ya chumba chenu. Uingizeni kupitia korido: fungueni dirisha la upande huo, na juu ya mlango wa chumba acheni uwazi wa kimo cha sentimita 30. Linta, yaani boriti ya zege juu ya mlango, ikiwa imekaa juu ya fremu moja kwa moja, fundi asiikate. Hapo badilisheni mlango, wekeni wa luva, yaani wenye vibao vya mlalo vinavyoachiana nafasi ya hewa. Luva hupitisha sauti, na faragha ya wazazi ni sehemu ya utulivu, kwa hiyo zielekee juu na ongezeni pazia zito la mchana. Nyavu za mbu zioshwe. Vumbi huziba upepo.

Kwenye paa, toboeni matundu kwenye kuta za pembetatu zilizo chini ya bati, pande zote mbili, yawe na wavu wa kuzuia popo. Kumwagia sakafu maji husaidia Dodoma kukavu. Dar huongeza unyevu tu.

Chumba kikipoa na usingizi bado ukawasumbua kwa wiki kadhaa, nendeni kituo cha afya.